Ndara za Wageni

Mlangoni kwangu, chini ya kioo, kuna kikapu cha ndara. Mtu akija anavua viatu, anachagua ndara za kumtosha, anaingia. Za wageni ni za kitambaa cha bluu, zimelika visigino, zimeshapita miguuni mwa nusu ya mji. Sisi wa ndani kila mtu ana zake. Mimi nina zangu, Edik mume wangu ana zake, na mama yangu nilimnunulia nyekundu, zina manyoya ndani, siku moja kabla hajafika. Nikaziweka pembeni, peke yake, ili azione.

Alifika mwezi wa kumi, mkono wa kushoto umefungwa plasta. Akaziangalia zile nyekundu, akasema, "Nzuri. Za nani?"

"Zako, mama."

"Aa, mimi sikai," akasema. Akatia mkono kikapuni, akatoa za wageni.

Miezi saba mama yangu mzazi alivaa ndara za wageni ndani ya nyumba yangu. Nasema kweli, zile ndara zilinipandisha presha kuliko watoto mia nne ninaowapikia shuleni. Mimi ni mpishi wa shule hapa mjini Kotlas, mwaka wa thelathini huu, na sauti yangu ni ya mpishi wa shule. Mtu akisema Rimma ana hasira, simbishii. Mama yangu, Glafira Savelyevna, hakuwahi kupandisha sauti maisha yake yote, na sijaona mtu aliyewahi kumshinda.

Kwao, na kwetu, ni Zaruchye, saa tatu kwa gari, na nusu saa ya mwisho ni matope matupu. Nilipokuwa mdogo tulikuwa nyumba thelathini. Mwaka huo ninaousema, waliobaki kupitisha baridi walikuwa wawili tu, mama na jirani yake mzee Arkhip. Basi mama akaenda kisimani na ndoo, akateleza, akavunjika kifundo cha mkono. Alilala pale chini mpaka mbwa wa Arkhip alipombwekea. Alikuwa na miaka themanini na tatu. Ungekuwa wewe ungefanya nini? Nilimwambia Edik awashe gari.

"Ni mpaka theluji iyeyuke tu," nikamwambia mama.

"Sawa," akasema. "Mpaka theluji iyeyuke."

Mama alikuwa na jambo moja tu alilolitaka katika dunia hii, na alilisema waziwazi kila mwaka, kwa sauti ile ile ya kuomba chumvi. "Mama mkwe wangu alitolewa kwenye mlango huu. Baba yako alitolewa kwenye mlango huu. Na mimi nitapita hapa hapa. Sitaki kushushwa kwenye ngazi za watu." Nguo zake za kuzikiwa zilikuwa kwenye sanduku, zimepigwa pasi, na hata kitambaa cha kichwa. Hakuwa anatisha mtu. Alikuwa amejipanga.

Sasa, kila nyumba kwetu ina Babu wake, roho ya nyumba. Humwoni. Anakaa nyuma ya jiko, jiko lile kubwa la matofali linalopasha nyumba nzima na ambalo watu hulala juu yake, na yeye ndiye anayeilinda nyumba isiwe kibanda tu. Ukihama, unamwita. Unaweka buti kuukuu la sufu karibu na jiko, unamwambia Babu, mimi nahama, twende pamoja, na yeye anaingia ndani ya buti, unambeba. Ukimwacha, kule unakokwenda hakutakuwa kwako kamwe. Cheka ukitaka. Mimi nimesoma, nina cheti cha upishi ukutani, lakini nilipohamia fleti hii, ghorofa ya saba, nilimbeba wa kwetu kutoka chumba cha kupanga, na Edik hakufungua mdomo.

Kwa hiyo siku ya kumchukua mama nililishusha buti la marehemu baba kutoka juu ya jiko, nikaliweka chini. "Mama, mwite basi, twende naye."

Akaniangalia. "Kwani nahama?"

"Hapana, lakini..."

"Basi mwache mzee wa watu apumzike." Akalirudisha buti juu, akaweka kipande cha mkate na chumvi nyuma ya jiko, akainama akasema neno. Kisha akaniambia, "Mwambie Arkhip aje awashe jiko kila Jumamosi. Nyumba ipate joto, na moshi uonekane."

Nikaenda kwa Arkhip. Ilikuwa saa nne asubuhi na tayari ananuka vodka. Nikamtazama anavyoyumba mlangoni na sigara mdomoni, nikasema moyoni, huyu ataiunguza nyumba na yeye ndani yake. Nikamwambia, "Mzee Arkhip, usiwashe kitu. Angalia kufuli tu." Nikarudi nikamwambia mama kwamba amekubali.

Hiyo ndiyo habari yenyewe. Mengine yote yametoka hapo.

Kwangu mama aliishi kwa adabu, na adabu yake ilinimaliza. Kila asubuhi alikunja shuka na blanketi kwa mkono mmoja, akazipanga nyuma ya sofa, na juu yake akaweka begi lake limefungwa zipu. Chumba kikabaki kama hakuna mtu aliyelala. Hakufungua friji. Alikuwa anakuja kusimama kwenye mlango wa jikoni.

"Rimma, naomba kipande cha mkate."

"Mama, mkate uko mezani mbele yako."

"Nimeuona. Naomba kipande."

Edik alimpenda, na alimtania kwa sababu mimi nilishindwa. "Mama," anamwambia, "hapa tumefunga ofisi ya vibali tangu Jumatatu. Ukitaka maji, kunywa."

"Haya, baba. Naweza kuchukua glasi hii?"

Edik anacheka mpaka anakohoa. Mimi naenda kusugua sufuria ambayo ni safi.

Nilitaka nini? Nilitaka avae zile nyekundu, basi. Nilitaka siku moja nirudi kutoka kazini nimkute amefungua friji yangu na kulalamika kwamba supu yangu ya kabichi haina ladha. Nilitaka awe kwake kwangu. Mtoto wake ni mimi, hana mwingine. Kama kwangu si kwake, basi mimi ni nani?

Sikukuu ya Ubatizo wa Bwana, mwezi wa kwanza, baridi nyuzi thelathini na tano chini ya sifuri, simu ikalia nikiwa kazini, nakoroga uji. Ni Arkhip. Huyu akipiga simu hupiga kelele kana kwamba umbali wote ule ni lazima auvuke kwa mapafu yake.

"Rimma, wamekuja watu wa vyuma chakavu. Nilisikia pikipiki ya theluji nikadhani wawindaji. Wameingia dirishani kwa mama yako."

"Wamechukua nini?"

"Chuma chote. Bamba la jiko, milango ya jiko, kifuniko cha bomba la moshi, birika kubwa la chai la bibi yako, na sufuria kubwa ya kuchemshia maji bafuni. Bamba lilikuwa limekaza, wakalivunja jiko kwa mtaimbo. Limebaki mdomo wazi, theluji inaingia kwa bomba mpaka sakafuni."

Nikasema, "Usimwambie mama."

"Nitamwambia vipi, namba niliyo nayo si yako tu?" Kisha akasema kwa sauti ya kawaida, na sijawahi kumsikia na sauti ya kawaida, "Wangeona moshi wasingeingia, Rimma."

Uji ukaungua. Siku hiyo watoto mia nne walikula mkate na siagi.

Sikumwambia mama. Kwanza nikasema ngoja plasta itoke. Plasta ikatoka, akashikwa na mafua, nikasema ngoja apone. Akapona. Basi ngoja baridi ivunjike, habari mbaya na baridi kwa pamoja ni nyingi mno kwa mtu wa umri ule. Sababu hazikosekani ukizitafuta. Na kuna jingine, nalo nitalisema maana nimeshaanza. Nilipokata simu ile, chini kabisa ya moyo, chini ya aibu na hofu, nilifurahi kidogo. Nikasema, sasa hana pa kurudi. Sasa atakaa. Mungu anisamehe, nilikuwa nimeshika mwiko wa uji mkononi na nilifurahi.

Mwezi wa tatu mama akamwomba Edik udongo. Akatoa mbegu kwenye begi, zimefungwa kwenye vipande vya gazeti, akaanza kupanda nyanya kwenye vikopo vya mtindi. Ishirini na mbili, madirishani mwote. Hapo alichangamka. Alikuwa anavigeuza kutwa, kufuata jua.

"Hizi sita nitapanda nyuma ya kibanda cha bafu," ananieleza, "pale upepo haufiki. Hizi za ukutani. Hizi mbili dhaifu nitampa Arkhip, yeye hata jiwe linaota kwake."

Mimi naitikia, ndiyo mama, ndiyo mama. Edik ananitazama juu ya gazeti. Mama akienda kuoga ananiuliza, "Utamwambia lini?"

"Nitamwambia."

"Rimma, nyanya zinakua."

"Naziona, Edik. Nina macho."

Zikakua. Mwisho wa mwezi wa nne zilikuwa zimefika kimo cha chupa, na nyumba nzima inanukia majani ya nyanya. Mama akahesabu siku mpaka sikukuu za Mei. Asubuhi ya safari niliamka nikamkuta amevaa koti, amekaa sofani, begi magotini. Tulipokuwa tayari tukakaa sote kimya kidogo, kama inavyotakiwa kabla ya safari, Edik kwenye kibao, mimi juu ya sanduku. Mama akainuka wa kwanza. Akavua ndara za bluu, akazipangusa, akazirudisha kikapuni zikiwa zimelingana. Kisha akanishika mkono.

"Asante kwa kunikaribisha, Rimma. Nimewasumbua sana."

Nilimwambia ashuke, lifti inasubiri. Ndilo jibu nililopata.

Ndani ya gari alikaa nyuma, katikati ya vikopo vyake, kama mwalimu na darasa lake. Nilipanga kumwambia tukivuka mto. Tukavuka. Nikapanga kumwambia kwenye kituo cha mafuta. Edik akashuka makusudi, akakaa huko nje muda mrefu, akivuta sigara ya pili. Nikageuka, nikasema, "Mama, nyumba imekaa peke yake baridi yote. Huenda ina hali mbaya."

"Haikukaa peke yake," akasema. "Babu yupo. Na Arkhip aliwasha kila Jumamosi."

Nikageuka mbele tena.

Kufuli ilikuwa nzima, ndiyo kitu pekee kilichokuwa kizima. Mama alifungua mwenyewe, akaingia wa kwanza. Karatasi za ukutani zilikuwa zinaning'inia. Sakafu imevimba, mbao zimeinuka. Na jiko, jiko ambalo nililala juu yake nikiwa na surua, lilikuwa na shimo kifuani unaloweza kuingiza kichwa. Matofali chini, udongo umeyeyuka umetapakaa mpaka kwenye kizingiti. Kulikuwa na baridi mle kuliko nje.

Mama akavua glavu, akaweka kiganja juu ya tofali, kama unavyompima mtoto homa. Akakaa hivyo.

Nikafungua mdomo. Nilikuwa nakwenda kusema, naapa nilikuwa nakwenda kusema, lakini Arkhip akaingia na mbwa wake, ameshanyoa, amevaa shati safi kwa ajili ya mama.

"Savelyevna, karibu nyumbani," akasema, kisha akaona sura yake. "Kumbe hukujua? Mimi nilimpigia Rimma siku ile ile ya Ubatizo. Na kuhusu kuwasha jiko, si yeye aliyenikataza? Mimi nilikuwa nimeshapasua kuni."

Nina miaka hamsini na minane. Nilisimama pale uso unawaka, sijui mikono niiweke wapi.

Mama hakunigeukia. Akavaa glavu yake polepole, kidole kwa kidole.

"Aliniambia," akasema. "Aliniambia yote, Arkhip. Ni mimi tu nimesahau. Uzee."

Arkhip akatikisa kichwa, akasema uzee ni mbaya, naye husahau. Kwetu huwezi kumwaibisha wa kwako mbele ya jirani, hata angekuwa amekuua. Lakini alipolisema lile nilijua kwamba hatalitaja tena, si siku hiyo wala siku nyingine, na kwamba nitakaa nalo mwenyewe. Angenipiga kofi ningemshukuru.

Edik alizunguka jiko, akagonga hapa na pale, akajaribu kuchangamka. "Mama, nitatafuta bamba jingine. Tunaweka udongo mpya, tunaziba..." Kisha akanivuta nje. "Limepasuka mpaka kwenye msingi. Hili ni la kubomoa na kujenga upya, na mimi sijui kujenga jiko. Ukikosea kidogo tu, moshi unamuua usingizini." Fundi wa majiko wa mwisho wa upande ule alizikwa mwaka juzi. Tulikuwa mazishini kwake, sote.

Tuliporudi ndani mama alisema, "Acha, baba. Usijisumbue." Akamwambia Arkhip achukue nyanya zote, si mbili dhaifu tu. Zote. Arkhip akawa anazibeba nne nne, mbwa nyuma yake, na kila safari mama anamwelekeza, hizi usizipe maji mengi, zile zifunge kwenye kijiti.

Kisha akasema, "Rimma, nishushie buti la baba yako."

Nikalishusha. Panya walikuwa wamelitafuna juu, lakini lilikuwa buti bado.

"Tokeni kidogo."

Tukatoka barazani. Nilichungulia, nisingeacha kuchungulia. Aliweka buti chini, mdomo wake ukielekea lile shimo la jiko. Akapiga magoti, na kwa yule mwanamke kupiga magoti ni kazi ya dakika tatu. Akaongea. Sikusikia maneno, nilisikia sauti tu, ile ya kuomba chumvi. Akangoja. Akalifunika buti kwa kitambaa chake cha kichwa, akalikumbatia, akatoka nalo nywele wazi.

"Twendeni," akasema.

Edik akapigilia mbao mbili za msalaba mlangoni. Akauliza, maana huyu hawezi kukaa bila utani hata kaburini, "Mama, Babu anakaa mbele au nyuma?"

"Nyuma, na mimi," akasema mama, na akacheka kidogo. Njia nzima alilishika buti kwa mikono miwili, kama mtu aliyebeba kuku sokoni.

Tulipofika nyumbani alilipeleka nyuma ya sofa, karibu na bomba la joto. Akarudi mlangoni. Nikamwona anainama chini ya kioo, anaziacha za bluu, anachukua zile nyekundu, anavaa.

Nilikwenda bafuni nikafungua maji nikalia. Mimi si mtu wa kulia.

Kuanzia siku hiyo mama alikuwa kwake. Alifungua friji. Alisema supu yangu haina ladha. Sofa haikukunjwa tena, begi likawekwa kabatini. Nyuma ya sofa niliweka kisahani cha maziwa ya Babu, nikawa nabadilisha kila siku. Kazini nikawaambia wenzangu wote, mama yangu amehamia, na wakanipongeza, na mmoja akaniuliza kama nimeshinda bahati nasibu, maana nilikuwa naimba juu ya sufuria. Nililala vizuri. Nilijiambia kwamba kumbe mambo yamejinyoosha, kwamba nilikosea lakini kosa limetuleta pazuri. Mtu hujisamehe upesi akipewa nafasi.

Kweli alikuwa anadhoofika. Alianza kutembea kwa hatua fupi fupi, akishika ukuta. Nikasema ni uzee. Daktari akasema ni moyo.

Alifariki tarehe kumi Septemba, hospitalini, ghorofa ya tatu, wagonjwa wenzake wanaangalia televisheni. Lifti yao haichukui kitanda. Alishushwa kwenye ngazi za watu. Tulimzika Zaruchye karibu na baba, na tulipopita mbele ya nyumba nilimwambia dereva asimame. Akasimama dakika moja. Zile mbao mbili zilikuwa bado mlangoni. Arkhip alileta ndoo ya nyanya kwenye mazishi, nyekundu, kubwa kama ngumi, na hakuna aliyeweza kuzila.

Hilo nimelisema. Lakini si hilo linalonikosesha amani. Ni siku moja ya mwezi wa nane, wiki tatu kabla, mchana, Jumapili. Nilikuwa natia matango chumvi kwa ajili ya baridi, mitungi kumi na miwili ya kioo mezani, kitunguu saumu, majani ya bizari, maji yanaanza kuchemka. Mama alikuwa ameketi kwenye kigoda karibu na dirisha ananimenyea kitunguu. Tulikuwa vizuri. Nilikuwa na furaha, na nikitaka kuongea tu nikasema, "Mama, huyu Babu wako siku hizi hanywi maziwa. Nimemwaga tena leo, yameganda."

"Atakunywaje," akasema, anaendelea kumenya. "Hayupo."

Nikadhani ni utani. "Kaenda wapi, sokoni?"

"Yuko nyumbani. Sikumwita, Rimma. Nilimwambia akae. Kuna baridi, hakuna jiko, lakini ni kwake. Nikamwambia mimi sitarudi tena, asiningoje. Angekuja huku kufanya nini, juu angani, hakuna hata pa kujificha."

Nikaweka kisu chini. "Na buti?"

"Buti ni la baba yako." Akachukua kitunguu kingine. "Ulikuwa unahangaika sana. Baridi yote unaziangalia zile ndara, unaniangalia mimi. Nikasema mtoto anahangaika, acha nimpe anachotaka."

Nikasema, "Mama, ni mimi niliyemkataza Arkhip. Nilikuambia uongo. Na lile la wezi nililijua, nikakuacha unapanda nyanya."

"Najua. Alikuwa ananuka pombe. Labda na mimi ningemkataza." Alisema hivyo ili nipate nafuu, na sote wawili tulijua kwamba asingemkataza. Akapangusa mikono kwenye aproni, akawa na ile sura yake ya kusimama kwenye mlango wa jikoni, sura niliyodhani nimeshaiaga.

"Rimma, naomba kitu, kama hutakasirika. Hizi nyekundu zinanibana. Tangu siku ya kwanza. Nipe zile za wageni."

Nikaenda mlangoni nikazitoa kikapuni. Nikarudi, nikapiga magoti mbele yake, nikamvua. Vidole vyake vidogo vya miguu, vyote viwili, vilikuwa vimechubuka hadi nyama, na kila kimoja amekifunga kipande cha kitambaa safi, kwa uzi. Nikamvalisha za bluu.

"Hapo sawa," akasema. "Haya, angalia maji yako, yanachemka."